Nyumba ya familia ikidaiwa na benki, tubishe hodi mlango upi?

Ilikuwa Ijumaa, watu wamekwisha kutawanyika baada ya swala, nami nafunga daftari la kamati ya msikiti, pale mama mmoja wa hapa Manispaa ya Mpanda aliposimama mlangoni na karatasi mkononi. Aliikuta asubuhi ile imebandikwa kwenye mlango wa nyumba yake. Lilikuwa tangazo la dalali: nyumba ingeuzwa kwa mnada wa hadhara zikipita siku 14, ili kulipa deni la benki.

“Ustadhi,” aliniambia, “mimi sijakopa hata shilingi. Nyumba hii nimeishi miaka 22, watoto wangu wote watano wamezaliwa humu. Inauzwaje?”

Tulipouliza, habari ikajitokeza kidogo kidogo. Mumewe, mfanyabiashara wa mpunga anayenunua mzigo wake upande wa Mpimbwe, alikopa shilingi milioni 35 na kuiweka nyumba ile rehani. Msimu ukaharibika, marejesho yakakwama. Fomu ya ridhaa ya mwenza ilikuwa na saini, lakini saini hiyo ilikuwa ya mke mdogo, ambaye anaishi nyumba nyingine kabisa. Bi mkubwa, anayelala chini ya paa lile kila usiku, hakuulizwa neno. Na barua ya benki iliyotoa siku 60 za kulipa ilikwishafika zaidi ya miezi miwili nyuma. Mzee aliificha kabatini, chini ya nguo, akitaraji Allah (SW) atamfungulia kabla familia haijajua.

Nakiri hapa kosa letu. Tulifanya lile tulilolizoea katika kamati: tukawaita mume, wake zake na wazee, tukakaa katika sulhu. Mume alilia, akaomba radhi, akasamehewa. Lakini benki haikuwamo katika kikao kile, na sulhu ilipotimia, siku 5 kati ya zile 14 zilikuwa zimekwenda. Siku ya 6 tukampeleka mama katika Mahakama ya Mwanzo, kwa kuwa ndiyo mahakama tunayoijua kwa mambo ya ndoa na mirathi. Karani akatusikiliza kwa upole, kisha akatuambia kwamba shauri lile halikuwa la pale.

Tangu siku hiyo nimejifunza jambo moja ambalo napenda kila familia ya Kiislamu ilijue kabla haijalihitaji. Familia nyingi hazipotezi nyumba kwa kukosa haki. Huipoteza haki yao wakiwa wanabisha hodi mlango usio wake, na huku siku zinahesabika.

Deni ni dhima

Kwanza niliseme hili ili nisieleweke vibaya: makala haya si mafunzo ya kukimbia deni. Aya ndefu kuliko zote katika Qur’ani Tukufu, aya ya 282 ya Suratul Baqarah, imeshughulika na deni: liandikwe, liwe na muda, lishuhudiwe. Aya inayofuata, ya 283, imetaja rehani. Na Mtume Muhammad (SAW) mwenyewe aliiweka rehani deraya yake kwa chakula cha ahali zake. Rehani, basi, ni jambo linalojulikana katika dini yetu, na aliyekopa akiweza kulipa ni wajibu wake kulipa.

Lakini dini hiyo hiyo imeweka mipaka. Mtu huweka rehani kilicho chake, au cha mwingine aliyeridhia. Mume hana mamlaka juu ya mali ya mkewe kwa sababu tu ni mumewe, na ndugu mkubwa hana mamlaka juu ya mafungu ya ndugu zake kwa sababu tu yeye ndiye anayetunza hati. Naye mdai amehimizwa, katika aya ya 280 ya sura hiyo hiyo, kumpa muhula mdaiwa aliye katika dhiki.

Suala la riba lina mahali pake, na masheikh wetu wamelieleza mara nyingi. Tangu Amana Bank ilipoanza kazi mwaka 2011, Watanzania wanaotaka kuepuka riba wamepata mlango mwingine. Hata hivyo, mkopo usio na riba nao huwekewa rehani, na sheria za nchi kuhusu rehani ni zile zile.

Benki haihitaji hukumu

Wengi wetu hudhani kwamba benki haiwezi kuuza nyumba mpaka iende mahakamani, tuitwe, tujitetee, kisha hakimu aamue. Dhana hii ndiyo inayotuangamiza. Sheria ya Ardhi ya mwaka 1999 inampa mwenye rehani uwezo wa kuuza bila kupitia mahakamani. Kinachotakiwa, kwa mujibu wa kifungu cha 127, ni notisi kwa mkopaji inayoeleza kosa lake la kutolipa na kumpa siku 60. Siku hizo zikiisha na deni halijalipwa, benki yaweza kumwita dalali.

Dalali naye amefungwa na sheria yake. Sheria ya Madalali, kifungu cha 12, inataka mnada wa ardhi utanguliwe na tangazo la siku zisizopungua 14, katika mji mkuu wa wilaya na mahali pa mnada penyewe. Tangazo liwe kwa Kiswahili pia, na litolewe hata kwa mlio wa ngoma au njia nyingine ambayo asiyejua kusoma ataielewa. Mnada uliofanywa kimya kimya, basi, una kasoro.

Vilevile mwenye rehani hana ruhusa ya kuitupa nyumba kwa bei yoyote. Kifungu cha 133 cha Sheria ya Ardhi kinamwajibisha kutafuta bei nzuri inayopatikana. Nyumba ikiuzwa chini ya bei ya wastani ya soko kwa asilimia 25 au zaidi, sheria inachukulia kuwa amevunja wajibu huo mpaka athibitishe vinginevyo.

Maana ya yote haya ni moja. Kwa kuwa benki haihitaji kwenda mahakamani, familia yenye malalamiko ndiyo inayopaswa kwenda, na kwenda mapema. Nyundo ya dalali ikishashuka, sheria inamlinda mnunuzi aliyenunua kwa nia njema. Anayelalamika baada ya hapo aghalabu huambulia kudai fidia, na nyumba imekwisha kwenda.

Milango ya mahakama

Sasa tuje kwenye swali lenyewe: shauri la namna hii husikilizwa wapi? Mahakama, zinapotaka kujua kama zina mamlaka, hutazama mambo mawili: maelezo ya madai yenyewe, na nafuu inayoombwa. Haitoshi kwamba neno “nyumba” limetajwa, wala kwamba neno “mkopo” limetajwa. Huulizwa: huyu mdai analalamikia nini hasa, na anataka apewe nini?

Benki ikidai fedha zake tu, hilo ni shauri la madai la kawaida, na hupelekwa katika mahakama za kawaida kulingana na kiasi: Mahakama ya Wilaya, Mahakama ya Hakimu Mkazi au Mahakama Kuu. Na hapa pana mtego. Katika madai yanayotokana na rehani, benki yaweza kutumia utaratibu wa mkato ulio katika Amri ya 35 ya Sheria ya Mwenendo wa Madai. Chini ya utaratibu huo mkopaji hana ruhusa ya kujitetea mpaka aombe na kukubaliwa, naye hukubaliwa akionyesha kwamba deni limelipwa, lote au sehemu inayodaiwa, au kwamba mkopo haukuchukuliwa kabisa. Kusema msimu ulikuwa mbaya hakutoshi. Anayepokea wito wa namna hiyo amtafute wakili siku hiyo hiyo.

Familia ikipinga uhalali wa rehani yenyewe, kwa mfano mke anasema nyumba iliwekwa rehani bila ridhaa yake, hilo ni shauri linalogusa haki katika ardhi. Mlango wake ni Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya, ambalo kwetu lipo hapa Mpanda. Tangu marekebisho ya mwaka 2016, mabaraza haya yana uwezo wa kusikiliza mashauri ya kurejesha umiliki wa nyumba au ardhi yenye thamani isiyozidi shilingi milioni 300. Thamani ikizidi hapo, shauri ni la Mahakama Kuu, ambayo kwa sisi wa Katavi iko Sumbawanga, safari ya zaidi ya kilomita 200. Huko huko ndiko zinakokwenda rufaa kutoka katika Baraza letu.

Kabla ya Baraza la Wilaya kuna kituo kimoja ambacho hakirukwi, nacho ni Baraza la Kata. Tangu mwaka 2021 Baraza la Kata halina tena uwezo wa kuhukumu. Kazi yake ni kusuluhisha. Likishindwa, hutoa hati ya kuthibitisha hivyo, na muda wake hauzidi siku 30. Mwenye haraka aende na tangazo la mnada mkononi, aombe upande wa pili uitwe mara moja.

Na kama mkopeshaji ni taasisi au kampuni ya umma, tahadhari nyingine inahitajika: kuishitaki taasisi ya namna hiyo huhitaji notisi ya siku 90, Mwanasheria Mkuu wa Serikali kuunganishwa katika shauri, na kufungua shauri Mahakama Kuu. Ndiyo maana nasema msisubiri tangazo la dalali.

Na msikiti je? Na Kadhi? Kwa Tanzania Bara, ofisi za BAKWATA na kamati zetu zina nafasi njema katika kusuluhisha wanandoa, lakini hazina uwezo wa kuizuia benki. Hata kule ambako mahakama za Kadhi zina nguvu ya dola, mipaka ni hiyo hiyo. Ibara ya 170 ya Katiba ya Kenya ya mwaka 2010 imezipa mahakama za Kadhi mambo ya hadhi ya mtu, ndoa, talaka na mirathi, kati ya Waislamu waliokubali kusikilizwa huko. Deni la benki halimo.

Haki ya mwenza

Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971, kifungu cha 59, inamkataza mume au mke kuiuza, kuigawa, kuipangisha au kuiweka rehani nyumba ya ndoa bila ridhaa ya mwenzake. Nyumba ya ndoa ni ile wanamoishi pamoja kwa kawaida. Kifungu cha 114 cha Sheria ya Ardhi kinakazia: rehani ya nyumba hiyo ni halali pale tu fomu za maombi zinapokuwa na saini, au pana ushahidi wa ridhaa, ya mkopaji na ya mwenza au wenza wanaoishi katika nyumba hiyo.

Kwa sisi wenye ndoa za wake zaidi ya mmoja, maneno hayo ya mwisho yana uzito mkubwa. Saini inayotakiwa ni ya mke aishiye ndani ya nyumba inayowekwa rehani. Mke wa nyumba ya pili hawezi kuridhia kwa niaba ya mwenzake.

Lakini marekebisho ya mwaka 2008 yameipa benki ngao. Mkopaji ndiye mwenye wajibu wa kusema kama ana mwenza au hana, na benki hutakiwa kuchukua hatua za kuridhisha kuhakiki. Mkopaji akiapa mbele ya kamishna wa viapo, au akitoa tamko la maandishi lililoshuhudiwa, benki huhesabiwa kuwa imetimiza wajibu wake. Aliyeapa uongo ametenda jinai, na adhabu yake ni faini isiyopungua nusu ya mkopo au kifungo kisichopungua miezi 12. Tazama basi mume aapaye kwamba hana mke: amemdhulumu mkewe, amejiweka katika hatari ya jela, na mbele ya Allah (SW) amebeba kiapo cha uongo.

Kwa hiyo mke asikae akitegemea kwamba “sheria ipo”. Sheria imempa njia ya kujilinda mapema: kuandikisha zuio kwa Msajili wa Hati, ili yeyote anayeipekua hati ajue kwamba ndani ya nyumba ile mna haki ya mtu mwingine. Palipo na nyumba isiyopimwa, basi apeleke barua katika ofisi ya mtaa na nakala katika benki ambayo mumewe anakopa.

Wapo wanaosema mke wa nyumbani hana chake kwa kuwa hakutoa fedha. Mahakama ya Rufani ililijibu hilo mwaka 1983 katika shauri mashuhuri la Bi Hawa Mohamed dhidi ya Ally Sefu, ilipoamua kwamba kazi za mke nyumbani ni mchango katika mali iliyochumwa ndani ya ndoa. Hata katika shamba, kifungu cha 161 cha Sheria ya Ardhi kinamtambua mwenza aliyechangia kwa jasho lake.

Jambo jingine wachache wanalijua. Mkopo usiokuwa na rehani ya nyumba, hata benki ikishinda kesi, hauifikii kirahisi nyumba ya makazi: kifungu cha 48 cha Sheria ya Mwenendo wa Madai kinaikinga na ukamataji nyumba anayoishi mdaiwa, mkewe na watoto wanaomtegemea. Ni saini ya rehani inayoitoa nyumba katika kinga hiyo. Kalamu moja, dakika moja. Na ikiwa mahakama imekamata mali ya mke kwa deni la mume, mke apeleke pingamizi katika mahakama ile ile iliyotoa amri ya kukamata.

Nyumba ya mirathi

Mashauri mengine yanayofika katika kamati yetu ni ya nyumba iliyoachwa na marehemu na haijagawanywa. Kaka mmoja anakaa humo, hati iko kwake, anakopa. Qur’ani katika Suratun Nisaa, aya ya 11 na 12, imepanga mambo: mafungu ya warithi huja baada ya wasia na deni. Deni la marehemu mwenyewe, basi, hulipwa kutoka katika mali aliyoiacha kabla ya kugawa. Lakini deni la kaka ni la kaka, na halina njia halali ya kuingia katika mafungu ya dada zake.

Mlango wa kwanza hapa ni Mahakama ya Mwanzo, ambayo ina uwezo wa kusimamia mirathi inayofuata sheria ya Kiislamu, ili ateuliwe msimamizi wa mirathi. Msimamizi huyo ndiye mwenye haki ya kushitaki na kushitakiwa kwa niaba ya mali ya marehemu. Warithi wanaokwenda Baraza la Ardhi bila msimamizi hurudishwa, na siku zinakwenda. Tusiache miaka ikapita bila kufungua mirathi kwa kuoneana haya, maana haya hiyo ndiyo inayomfungulia njia mwenye tamaa.

Siku ya 13

Nirudi kwa mama yetu. Kutoka Mahakama ya Mwanzo tulikwenda Baraza la Kata. Benki iliitwa, ofisa wake akasema hana mamlaka ya kusuluhishwa pale, tukapewa hati kwamba usuluhishi umeshindikana. Siku ya 11 wakili alifungua maombi katika Baraza la Ardhi na Nyumba, pamoja na ombi la zuio la muda. Alitueleza vigezo vitatu ambavyo mahakama zetu zimevifuata tangu shauri la Atilio dhidi ya Mbowe la mwaka 1969: kuwe na hoja ya msingi ya kusikilizwa, kuwe na madhara yasiyofidika zuio likikosekana, na atakayeumia zaidi awe ni mwombaji. Siku ya 13, siku moja kabla ya mnada, amri ya zuio ilitolewa.

Zuio halikufuta deni, wala hatukuliombea hilo. Lilitupa muda. Mzee aliuza lori lake na mpunga uliokuwa ghalani, akapunguza sehemu kubwa ya deni, na benki ikakubali kupanga upya marejesho yaliyobaki. Shauri likamalizika kwa makubaliano yaliyoandikwa na kusajiliwa. Sharti la bi mkubwa lilikuwa moja: deni likiisha, jina lake liingie katika hati pamoja na la mumewe. Mzee alitia saini bila kubisha.

Sisi wa kamati nasi tumebadilika. Zamani mtu akija na jambo la nyumba, swali letu la kwanza lilikuwa, “Mmegombana nini?” Sasa tunauliza, “Karatasi ina tarehe gani?” Tukishaijua tarehe, sulhu na sheria huendeshwa sambamba, kila moja katika mlango wake. Asiye na uwezo wa kumlipa wakili tunamwelekeza mapema kuomba msaada wa kisheria, ambao Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017 inautambua.

Kwa waume wenzangu nina neno moja. Aya ya 38 ya Suratush Shuuraa imewasifu waumini kwamba mambo yao huendeshwa kwa kushauriana. Kabla hujaipeleka hati ya nyumba benki, ipeleke kwanza sebuleni. Waketishe wenye kuishi humo, waeleze unakopa kiasi gani, utalipa kwa nini, na msimu ukikataa mtafanya nini. Wakiridhia, watie saini kwa kujua. Wakikataa, huenda wameliona shimo ambalo wewe, kwa haraka ya biashara, hukuliona.

Allah (SW) atutosheleze kwa halali Yake, atulipie madeni yetu, na azihifadhi nyumba zetu na kila lenye kuzivunja. Amin.